Mama Nyuzi wa Chumba cha Vioo

Kabla hajapanda mlimani, alikuwa muuzaji katika duka la nyuzi na vifungo, na sifa yake ilikuwa jicho. Washonaji walimjia na vipande vya vitambaa, wakisema, "Nitafutie uzi wa rangi hii hii," naye alinyoosha mkono kwenye rafu bila kubabaika na kutoa uliokusudiwa. Hakuna aliyeurudisha. Wateja wakamwita Dada Nyuzi. Jina likamganda, na baadaye, alipopata mtoto, likawa Mama Nyuzi, ingawa mtoto mwenyewe walimwita Kidoti kwa sababu ya alama ndogo nyeusi kidevuni.

Baba yake Kidoti alisafiri kwenda kutafuta kazi kabla mtoto hajazaliwa. Kazi aliipata, na mke mwingine akampata huko huko. Habari zikaishia hapo.

Siku moja aliingia dukani mwanamke mrefu, mfuko wa koti lake umefumuka. Alitaka uzi wa kijivu. Mama Nyuzi akamwekea mezani vibiringo viwili.

"Chagua."

"Si vyote sawa?" mgeni akauliza.

"Twende nje."

Walipofika mlangoni, juani, uzi mmoja ulibaki kijivu na mwingine ukaonyesha wekundu kidogo, kama shavu la mtu aliyeona haya. Mgeni alivigeuza vile vibiringo mara tatu, nne.

"Nani kakufundisha kuona hivi?"

"Nani anifundishe? Mteja akirudisha uzi, anayefokewa ni mimi."

Wiki mbili baadaye yule mwanamke alirudi, koti lake bado halijashonwa, akaja na kazi. Alikuwa mkuu wa kituo cha kuchunguza nyota, juu mlimani, mwendo wa saa tano kwa gari. Wote kule walimwita Daktari, ingawa hakuweza kutibu hata mafua. Alitafuta mtu wa kupima rangi za nyota kwenye picha. Wasomi aliokuwa amewajaribu walikuwa na vyeti vingi na macho hafifu, na uvumilivu wao uliisha kabla ya chakula cha mchana.

Mshahara ulikuwa mara mbili ya ule wa dukani. Tatizo lilikuwa Kidoti, aliyekuwa na mwaka mmoja na miezi minane. Mlimani kulikuwa na watu tisa, darubini moja, baridi ya kukata masikio na hakuna zahanati. Mama Nyuzi alikwenda kwa dada yake mkubwa, mshonaji aliyekuwa na nyumba ya vyumba vitatu, mume mpole na hakuna mtoto.

"Mwache hapa," dada yake alisema, hata chai haijapoa. "Mimi nina vyumba na sina wa kuvijaza."

"Miezi sita tu, dada. Nikishaweka akiba kidogo nashuka."

"Hata kama ni saba. Mtoto wa mdogo wangu ni wangu."

Alisema hivyo kwa upendo, na alimaanisha kila neno.

*

Chumba cha vioo kilikuwa nyuma ya jiko la kituo. Madirisha yake yalizibwa kwa matofali ili jua lisiingie. Kwenye rafu kulikuwa na vioo mia mbili na kumi na viwili, kila kimoja kikubwa kama ubao wa kuandikia wa mtoto wa shule, kimefungwa katika bahasha ya karatasi. Hizo ndizo zilikuwa picha za anga. Zilipigwa usiku na wengine, waliolala mchana kutwa kama popo. Mama Nyuzi alifanya kazi mchana, taa imewashwa, mlango umefungwa. Vioo havikuruhusiwa kushuka mlimani. Barabara ilikuwa na mashimo, na kioo kikivunjika kilikuwa kimeondoka na usiku ambao haurudi tena.

Siku ya kwanza Daktari aliinua kimoja kwenye taa. Anga ilikuwa nyeupe na nyota zilikuwa nukta nyeusi, maelfu, kama mtu aliyemwaga ufuta juu ya meza. Katikati palikuwa na uwazi usio na nukta.

"Hapa nyota zimekosekana?" Mama Nyuzi akauliza.

"Zipo. Kuna wingu la vumbi mbele yake."

"Vumbi gani?"

"Jembamba kuliko moshi. Punje zimetawanyika mno, lakini wingu ni pana ajabu. Lenyewe hulioni. Unachoona ni linachoufanyia mwanga." Daktari akaendelea, naye alikuwa mtu wa kueleza kwa mikono: vumbi hilo hukamata zaidi mwanga wa bluu na kuuachia mwekundu upite. Kwa hiyo nyota iliyo nyuma ya vumbi hutufikia imefifia na imeingia wekundu. Kila sehemu ya anga ilipigwa picha mara mbili, mara moja kwa kichujio cha bluu na mara moja kwa chekundu. Kazi ya mpimaji ilikuwa kuweka kila nukta chini ya mashine, kupitisha mwanga mwembamba, kusoma mshale na kuandika. Kisha kioo cha pili, nukta ile ile. Tofauti ya namba mbili ilikuwa rangi ya nyota kama ilivyotufikia. Rangi yake ya kuzaliwa Daktari aliijua kwa njia nyingine, kwa kuupasua mwanga wake kama upinde wa mvua.

"Toa hii kwenye hii," alisema. "Wekundu unaozidi, huo ndio vumbi."

Nyota zilikuwa elfu moja mia moja na arobaini. Mama Nyuzi alipima moja kwa siku, akiirudia mara kumi kwenye kila kioo, siku akiwa na macho mazuri. Aligundua kwamba ukikazia macho mshale, unatikisika kwa pumzi yako mwenyewe, kwa hiyo alijifunza kupumua kando. Mpishi alimcheka. "Watu wanaenda kusomewa nyota mara moja, wewe unasomewa kila siku na bahati huioni!" Lakini kazi ile ilimwingia. Haba na haba hujaza kibaba, na kila jioni alipofunga daftari aliona kibaba kimepanda kidogo, na furaha yake ilimtia aibu.

Maana kila asubuhi, kabla ya kuwasha taa, alijiuliza Kidoti ameamkaje.

Kila Jumamosi ya mwisho ya mwezi, dereva wa kituo alishuka mjini kununua mafuta na vyakula, na Mama Nyuzi akashuka naye. Alilala usiku mmoja kwa dada yake na kurudi Jumapili mchana. Aliporudi chumbani kwake alifungua sanduku la nyuzi alilopanda nalo, akatafuta uzi wa rangi ya gauni alilomwona mtoto amevaa, akakata kipande cha urefu wa kidole na kukibandika pembeni mwa daftari, mkabala na tarehe. Hakumwambia mtu. Wakati mwingine, katikati ya kupima, aliligusa gauni lile la mwezi ule, la njano au la samawati, halafu akairudia mashine.

Miezi sita ikapita, ikaja mingine.

Kidoti alipokuwa na miaka minne, mama yake alifika na mdoli wa kitambaa. Mtoto alikuwa ukumbini, akamkimbilia kwa furaha, kisha akageuka kuelekea jikoni na kupaza sauti:

"Mama! Mama mdogo amekuja!"

Dada mkubwa alitoka jikoni na mwiko mkononi. Wote wawili walisimama.

"Mama mdogo ni mimi?" Mama Nyuzi akauliza, akijaribu kucheka.

"Ndiyo. Mama ni mkubwa. Wewe ni mdogo," Kidoti alisema kwa subira, kama anayemfundisha mtu mjinga kuhesabu.

Usiku ule dada yake alilia kuliko yeye. "Sikumfundisha, wallahi. Kila siku namwambia mama yako yuko mlimani. Lakini mtoto anamwita mama anayemwogesha. Nifanyeje, nikatae kuitika?"

"Usikatae," Mama Nyuzi alisema. "Itika." Asiyekuwepo na lake halipo, hilo alilijua tangu utotoni, ila hakuwahi kudhani litamhusu yeye.

Mwaka uliofuata alijaribu. Alimwomba Daktari ruhusa, akampandisha Kidoti mlimani kwa wiki moja, kuona kama ataweza kukaa naye. Mtoto alipenda gari, akapenda darubini, akampenda mpishi. Usiku wa pili alishikwa na homa. Mama Nyuzi alimkumbatia, akamkanda kwa kitambaa, akamwimbia. Mtoto alijikunja upande wa pili, anaungua, akiita, "Mama, mama." Kila alipoitika, "Nipo, mwanangu," mtoto alitikisa kichwa na kulia zaidi. Kulipopambazuka dereva aliwasha gari. Mjini, dada mkubwa alikuwa mlangoni hata kabla gari halijasimama. Kidoti akamwangukia kifuani na kulala pale pale.

*

Wakakubaliana hivi: Kidoti akianza darasa la kwanza, mama yake ataacha kazi na kushuka. Dada mkubwa alimtafutia mahali katika duka la vitambaa. Siku zikahesabiwa.

Ikiwa imebaki miezi miwili, Daktari alimpa makadirio ya umbali wa kila nyota, amalizie majedwali. Mama Nyuzi hakupenda majedwali. Aliandika kila nyota kwenye kikaratasi chake, akavipanga sakafuni kuanzia nyota ya karibu hadi ya mbali, kama alivyokuwa akipanga nyuzi dukani kutoka hafifu hadi iliyokolea. Alitarajia kuona jambo moja tu: nyota zilizo mbele ya wingu hazina wekundu, na zilizo nyuma yake zinao. Ngazi moja.

Akaona mbili. Nyota za karibu zilikuwa safi. Kisha wekundu ulipanda ghafla. Halafu, kwa safari ndefu, haukuongezeka hata chembe. Halafu ukapanda tena, ghafla, mara mbili ya kwanza.

Alikwenda kumgongea Daktari, aliyekuwa amelala. Daktari alitoka na blanketi mabegani.

"Daktari, hili wingu si moja. Ni mawili. Moja liko mbele, jingine mbali nyuma yake, na katikati hakuna kitu."

"Haiwezekani. Watu wamelipima wingu hili kabla yetu. Ni moja."

"Basi nyota zinasema uongo."

Daktari alikuja na miguu mitupu, akapiga magoti kati ya vikaratasi. Alikaa pale mpaka chai ikaletwa, ikapoa, ikaondolewa. Mwishowe alisema, "Inaweza kuwa kosa la mashine. Au la vioo. Tukitangaza tukakosea, watatucheka hadi kaburini. Lazima tupige picha mpya, tupime upya nyota mia nne, na apime mtu yule yule, kwa jicho lile lile."

"Muda gani?"

"Mwaka. Mwaka na kitu."

Mama Nyuzi aliokota kikaratasi kimoja, akakirudisha pale pale.

"Sikulazimishi," Daktari alisema, akitazama sakafu. "Najua ulichokiahidi kule chini."

Angelazimishwa ingekuwa rahisi. Angekuwa na wa kumlaumu. Alitoka akazunguka kituo mara tatu, upepo unamrusha kitambaa cha kichwa, akajitafutia sababu: mshahara, ada ya shule, shukrani kwa Daktari. Zote zilikuwa za kweli, na hakuna hata moja iliyokuwa sababu. Alitaka kujua. Alitaka kujua kama alichokiona sakafuni kipo kweli kule juu. Na kutaka huko kulikuwa na nguvu kama kule kumtaka mwanawe, ila huku kulikuwa karibu.

Dada yake aliposikia, hakumfokea. Alisema tu, "Nitamnunulia sare mwenyewe."

Ilichukua miezi kumi na minne. Mawingu yalikuwa mawili. Makala ikaandikwa, ikachapishwa katika jarida la wataalamu, na jina la Mama Nyuzi, jina lake kamili la kuzaliwa, lilikuwa la pili, chini ya la Daktari. Alishuka na nakala mbili. Mume wa dada yake alivaa miwani na kuisoma kurasa zote tisa bila kuelewa hata moja. Kidoti, miaka tisa, alikuwa akifagia ukumbi.

"Mama mdogo, kwa hiyo miaka yote hiyo ulikuwa unapima vumbi?"

"Ndiyo, mwanangu. La mbali sana."

"Hata hapa lipo," mtoto alisema, akionyesha kona nyuma ya kochi.

Dada mkubwa alicheka hadi akashika ubavu. Mama Nyuzi naye alicheka, akachukua ufagio akamsaidia. Tangu hapo hakuna aliyeuliza tena atashuka lini.

*

Kidoti alikua. Akawa muuguzi, mikono yake myepesi kwenye sindano, kauli yake fupi. Kwa mama mdogo alikuwa na heshima isiyo na dosari. Alimpokea mzigo, alimsogezea kiti, alimuuliza safari. Mama Nyuzi angefurahi zaidi kama angemgombeza.

Akiwa na miaka ishirini na minne, siku ya Jumatano isiyo na gari la kituo, alipanda mlimani peke yake kwa lori la mchanga na kwa miguu. Mama Nyuzi alimkuta mlangoni mwa chumba cha vioo, anahema, viatu vimejaa udongo. Kitu cha kwanza kilichomjia ni msiba.

"Nani?"

"Hakuna mtu. Wote wazima." Kidoti akatoa karatasi kwenye mkoba. "Ni kadi ya harusi. Mchapaji anataka jibu Ijumaa. Pale pa jina la mama, niandike nani?"

Mama Nyuzi aliisoma kadi yote, polepole, ili apate muda. Jina la bwana harusi, siku, saa. Kisha nafasi tupu.

"Umemuuliza mama yako?"

"Nimemuuliza. Amesema nije nikuulize wewe. Amesema, 'Mwenye haki yuko mlimani.' Halafu amejifungia chumbani."

"Andika jina lake."

"Hivyo tu? Hata hufikirii?"

"Nimeshafikiri miaka ishirini na miwili."

Kidoti alikaa kwenye kiti cha mashine, kile kiti ambacho hakuna mwingine aliyewahi kukikalia. Alipoongea tena, sauti yake ilikuwa imebadilika. "Nilikuwa nakusubiri, unajua? Darasa la kwanza. Mama aliniambia unakuja kukaa, nikawaambia watoto wote darasani. Kila gari likisimama nilitoka. Ulikuwa unanikumbuka hata kidogo huku? Au ukifunga mlango huu inakuwa basi?"

Mama Nyuzi angeweza kusema mengi. Alifungua kabati, akashusha madaftari, yote, akayarundika mezani mbele ya binti yake. Kidoti alifungua la juu, akaona safu za namba. Akafunua tena. Pembeni palikuwa na kipande cha uzi wa zambarau. Kurasa chache mbele, kijani. Aliendelea kufunua na hakuuliza. Alipofika kwenye wa rangi ya machungwa aliusogeza karibu na taa.

"Hili lilikuwa na mifuko," alisema.

"Miwili. Uliweka kokoto."

"Ulikuwa unajua rangi ya kila gauni."

"Nilijua," Mama Nyuzi alisema. "Lakini kujua si kuwepo. Fimbo ya mbali haiui nyoka. Usinisamehe kwa sababu ya nyuzi, mwanangu. Nilitaka tu ujue."

Hawakukumbatiana, hawakuwa na mazoea. Kidoti aliomba aonyeshwe mashine, na mama yake akamwonyesha: nukta, mwanga, mshale. Msichana alipima nyota moja, akakosea, akapima tena. Walikula mkate na chai jikoni, na mpishi, sasa mzee, akamtania kwamba homa yake ya zamani ilikikosesha usingizi kituo kizima.

Kadi ilipotoka, palikuwa na majina mawili, moja juu ya jingine, ya mama mkubwa juu. Mchapaji alilalamika kwamba nafasi ni ndogo. Kidoti alimwambia apunguze maua.

*

Baadaye ilikuja mashine mpya iliyosoma vioo vyote mia mbili na kumi na viwili kwa siku sita. Mama Nyuzi aliilinganisha na madaftari yake. Ilimkosoa mara kumi na moja, naye akaikosoa mara tatu. Daktari alikuwa ameshastaafu. Hapakuwa na kazi tena ya jicho. Akashuka mlimani, mara hii na vitu vyake vyote, akahamia kwa dada yake, ambaye sasa alikuwa mjane na magoti yanamuuma. Walikaa wawili katika vyumba vitatu, wakagombana juu ya chumvi na dirisha.

Jumapili ndiyo ilikuwa siku. Kidoti alikuja na mumewe na mtoto wa kike wa miezi kumi, mnene, mwenye sauti ya muuza magazeti. Mama Nyuzi alimbeba kutoka mlangoni na hakumshusha hadi jioni. Tangu alipomwacha Kidoti hakuwahi kumbeba mtoto kwa muda mrefu hivyo. Kuanzia Jumatatu alikuwa anahesabu siku.

Halafu Kidoti akapata nafasi katika hospitali kubwa, mwendo wa siku mbili kwa basi. Mumewe angemfuata baada ya miezi minne, mkataba wake ukiisha. Walikaa ukumbini, na dada mkubwa akasema lile ambalo kila mtu alikuwa analifikiria.

"Mwache mtoto hapa. Tupo wawili, hatuna la kufanya. Ni miezi minne tu. Ukishatulia unamchukua."

Kidoti alimtazama mama yake mdogo. Alikuwa amechoka, macho yake yaliomba aambiwe ndiyo. Mtoto alikuwa mapajani mwa Mama Nyuzi, anatafuna kifungo cha blauzi yake, na joto lake lilikuwa limepenya nguo hadi kwenye ngozi. Hakuna kitu alichowahi kukitaka kama hicho tangu siku ya vikaratasi sakafuni.

"Nenda naye," alisema.

"Peke yangu, mama? Na zamu za usiku?"

"Tafuta yaya. Tafuta jirani. Nitakutumia pensheni yangu. Lakini nenda naye."

Dada yake aliguna, akamwangalia usoni. Na Kidoti, ambaye huenda hakujisikia alivyomwita Mama Nyuzi, aliinama akaanza kukusanya nguo za mtoto zilizotandaa kwenye kochi.

Waliwasindikiza kituo cha mabasi asubuhi. Dada mkubwa alilia waziwazi. Mama Nyuzi alibeba mkoba wa maziwa hadi kwenye kiti, akaufunga mkanda, akaeleza mara mbili jinsi kifuniko kinavyofungwa, mpaka kondakta akamwomba ashuke.

Simu ililia siku ya tatu, saa sita mchana. Wamefika. Chumba ni kidogo lakini kina dirisha. Dada mkubwa aliongea kwanza, kwa kupaza sauti kama kawaida yake, halafu akampa.

"Amelala?" Mama Nyuzi akauliza.

"Amelala hapa pembeni yangu. Nikuamshie?"

"Usimwamshe. Sogeza simu karibu naye."

Simu ikakwaruza. Kisha akasikia pumzi, ndogo, yenye mafua kidogo. Dada yake alimvuta mkono akitaka kujua wanasemaje, naye akageukia ukutani, akaziba sikio la pili.

"Bado upo?" Kidoti akauliza kutoka mbali.

"Nipo. Usikate kwanza."